Ngisi akirudi: dalgona, michezo na skrini kwa watazamaji wa Unguja na Pemba

Anayekesha hadi saa 6 za usiku kuusubiri msimu mpya wa Squid Game, tamthilia ya Kikorea ya watu wanaocheza michezo ya watoto kwa kufa na kupona, anajiumiza macho bure. Netflix huachia tamthilia zake kwa saa za California, na usiku wa manane wa California ni asubuhi yetu. Msimu wa pili, wa 26 Disemba 2024, ulifunguka hapa saa 5 asubuhi. Wa tatu, wa 27 Juni 2025, ulifunguka saa 4. Tofauti hiyo ya saa moja inatokana na Wamarekani kusogeza saa zao mbele mwezi wa Machi na kuzirudisha mwanzoni mwa Novemba, na sisi saa zetu hatuzigusi. Basi tangazo jipya likitoka, angalia mwezi tu: kiangazi cha kwao hesabu saa 4, baridi ya kwao hesabu saa 5.

Msimu wa tatu ulitangazwa kuwa wa mwisho, lakini dakika zake za mwisho zimeuacha mlango umerudishiwa tu, haukutiwa komeo, na ndiyo maana watu bado wana masikio wazi. Anayetaka kurudia yote kabla ya lolote litakalokuja ana vipindi 9 vya msimu wa kwanza, 7 vya pili na 6 vya tatu, jumla 22. Viwili kila usiku baada ya Isha humalizika kwa siku 11. Wanaojaribu kuvimeza kwa mwisho wa wiki mmoja hufika mwisho hawajui tena nambari ipi ni ya mchezaji gani.

Kinachoharibu shughuli hizi visiwani mara nyingi si intaneti. Ni unyevu. Watu huandaa skrini, hukusanya mito na majamvi, kisha hutoa dalgona, ile peremende ya sukari ya kwenye tamthilia, iliyopikwa jana, na kila mtu anabaki anajilamba vidole kwa kitu kinachonata kama gundi ya fenesi. Kwa hiyo tuanze na sukari.

Dalgona katika hewa ya bahari

Dalgona ni sukari iliyoyeyushwa, ikatiwa bekingi soda, ikabanwa bapa na kupigwa muhuri wa umbo. Mchezo wenyewe wa kulitoa umbo bila kulivunja Wakorea wanauita ppopgi. Kwenye tamthilia maumbo ni manne, duara, pembetatu, nyota na mwavuli, na muda ni dakika 10.

Aliyezoea kupika visheti asidhani ni shira. Shira ina maji, na ujuzi wake wote ni kujua maji yamebaki kiasi gani. Hapa hakuna tone la maji. Sukari inayeyuka yenyewe kwa moto kupita nyuzi 160, ndiyo maana inaganda ikawa kama kioo badala ya kubaki laini. Kioo hicho cha sukari kina kiu. Kikikaa wazi kinanywa unyevu wa hewa, kwanza juu panateleza, halafu panalainika, na baada ya hapo sindano haikwaruzi tena, inazama tu. Wakati wa kipupwe, Juni mpaka Agosti, una nafasi ya saa kadhaa. Kaskazi ya Disemba na Januari inakupa saa moja au mbili. Masika, mvua ikiwa inanyesha, dakika 20 zinatosha kuiharibu.

Kwa kipande kimoja cha upana wa sentimita 8 hadi 9 chukua sukari nyeupe vijiko 2 vya chakula vilivyosawazishwa, kama gramu 25, na bekingi soda nusu ya robo ya kijiko cha chai. Kwa watu 10 pika 13, kwani vitatu vya mwanzo ni vya kujifunzia. Nusu kilo ya sukari inatosha na kubaki. Sukari ya rangi ya kahawia iache kwa chai: molasi iliyomo huungua mapema na huvuta unyevu zaidi. Sukari ya chembe kubwa itwange kidogo kwenye kinu, la sivyo nusu itaungua wakati nusu nyengine bado mchanga.

Bekingi soda iwe bekingi soda. Bekingi pauda ina asidi na wanga ndani yake, inatoa povu dogo na kuacha unga mdomoni. Magadi ndiyo kabisa usiyaguse; ni mchanganyiko wa chumvi nyengine, povu lake hafifu na ladha yake ni ya sabuni. Kopo la bekingi soda likiwa limefunguliwa siku nyingi, lijaribu kwa kulikamulia ndimu: likichemka kwa kishindo ni zima, likinung'unika tu nunua jengine.

Chombo ni upawa wa stili wenye kina, sio wa kifuu maana utakuwa umepika upawa. Pika kimoja kimoja. Ukitia sukari ya vipande vitano kwenye sufuria, cha kwanza kitabanwa vizuri na cha tano kitakuwa kimeshakuwa jiwe ndani ya sufuria. Cha kukorogea, kijiti cha mshikaki kilichokatwa ncha. Andaa kabla ya kuwasha moto: sinia la bati lililopakwa mafuta kiduchu au kutandikwa karatasi ya kuokea, sufuria ndogo yenye kitako bapa nayo imepakwa mafuta kitakoni, kibati cha umbo, na beseni la maji baridi. Beseni hilo si la chakula. Sukari hii ikimwagikia mkono hushika ngozi na kuendelea kuunguza. Mkono uingie majini papo hapo na ukae dakika 20, na sukari isibanduliwe kwa nguvu. Watoto wasikae karibu na jiko kwa hatua hii, hata wale wanaojidai wasaidizi.

Moto wa gesi uwe wa chini kabisa. Kwa seredani, subiri makaa yashike majivu, na joto ulipange kwa kuinua na kushusha upawa. Usikoroge mpaka kingo zianze kuwa maji; ukikoroga mapema sukari inajikusanya madonge meupe yasiyotaka kuyeyuka. Kingo zikishalegea, zungusha kijiti taratibu. Kati ya dakika 2 na 4 yote itakuwa maji ya rangi ya asali. Hapo hapo ondoa upawa motoni. Usingoje rangi ya kahawa, sukari inaendelea kuiva kwa joto la chuma hata nje ya moto, na uchungu hauondoki.

Tia soda, koroga kwa kasi sekunde 5 hadi 10. Joto linaivunja soda na kutoa hewa ya kaboni, mchanganyiko unafura na kugeuka rangi ya karanga zilizosagwa. Ukishafura usiendelee kukoroga, unatoa mapovu uliyoyataka. Mimina kwenye sinia kwa mkupuo mmoja, katikati, bila kutandaza kwa kijiti. Hesabu polepole mpaka 15 au 20, uso upoteze mng'ao wa majimaji, kisha bana kwa kitako cha sufuria, wima, kwa nguvu za wastani, hadi unene wa milimita 3 au 4. Nyanyua. Piga kibati cha umbo mara moja, kizame kama nusu ya unene, kisha kiondoe. Dakika 2 baadaye kipande kinabanduka chenyewe.

Makosa yanajulikana kwa sura. Sukari ikishika sufuria wakati wa kubana, umewahi mno au mafuta hayakufika. Ikipasuka kingo unapobana, umechelewa. Mstari wa umbo ukionekana lakini haukatiki kwa sindano, kibati hakikuzama. Na ukizama mno, umbo litatoka lenyewe ukinyanyua na mchezo umekwisha kabla ya kuanza. Kipande kikiwa kizito kama kokoto, kisicho na mapovu ndani, soda imekufa au ilitiwa sukari ikiwa imeshapoa. Kikiwa na madoa ya njano yenye uchungu wa kukwaruza ulimi, soda haikuchanganyika. Na kikinata tangu dakika ya kwanza, hata siku kavu, sukari haikufika rangi. Iliyeyuka tu ukaona inatosha.

Kuhifadhi: kikipoa tu, dakika 5, kila kipande kifungwe kwenye karatasi ya kuokea peke yake na kiingie kwenye kopo la chuma lenye kifuniko kinachobana, kama la biskuti. Chini ya kopo weka mchele mkavu uliokaangwa kidogo bila mafuta na kupozwa, kiasi cha kikombe, umefungwa kwenye kitambaa. Unanyonya unyevu kidogo, si muujiza. Friji ndiyo adui mkubwa: kipande kikitoka baridi kwenda hewa ya kaskazi kinatoka jasho, na jasho hilo ndilo linalokiyeyusha. Mwenye chumba chenye kiyoyozi apikie popote lakini avipoze humo, maana kiyoyozi hukausha hewa.

Vibati vya maumbo ni kazi ya nusu saa. Kata ukanda wa bati la kopo la soda wenye upana wa sentimita 4, ukunje katikati kwa urefu ili usikate vidole, kisha upinde kuzunguka kitu cha umbo unalotaka. Umbo lenyewe liwe na upana wa sentimita 5, libaki na ukingo pande zote. Bati la kopo ni laini, hupindika likibanwa sana, hivyo kwa wageni wengi ni bora kumpelekea fundi bati mchoro. Mwavuli ni mgumu kwa sababu ya mpini: ni mwembamba na una kona ya ndani, na kona ya ndani ndipo ufa unapoanzia. Jahazi lina shida hiyo hiyo kwenye mlingoti. Ukitaka kuwaonea wageni, wape jahazi. Ukiwapenda, wape duara.

Kwa mchezaji, sindano iwe ya kushonea nguo nzito. Asichimbe, akwaruze mstari ule ule mara nyingi, kipande kikiwa kimelala bapa mezani. Kulamba upande wa nyuma, hila aliyoitumia Gi-hun, mhusika mkuu wa tamthilia, kwenye mwavuli wake, kunafanya kazi kweli, kwa sababu mate yanayeyusha sukari kwenye mstari ambao tayari ni mwembamba kuliko pengine pote. Visiwani hewa imeshakufanyia nusu ya kulamba, kwa hiyo dakika 10 zinaweza kuwa nyingi. Siku ya unyevu punguza ziwe 7.

Ngisi wa mchangani

Jina la tamthilia linatokana na mchezo wa watoto wa Korea unaochorwa chini kwa umbo la ngisi. Kwa watu wa pwani kuchora ngisi si kazi, ila huyu ana vipimo. Subiri maji yakupwe uchague mchanga mgumu uliotoka majini, unaoshika mstari wa fimbo bila kubomoka. Pwani ya mashariki ya Unguja, Paje mpaka Jambiani, maji yakikupwa wakati wa bamvu yanakwenda mbali sana na uwanja ni mpana, lakini angalia vigingi vya mwani: ni mashamba ya watu, usichore wala kukimbilia humo. Kutoka maji kujaa mpaka kukupwa ni kama saa 6, hivyo una muda wa kuchora, kucheza na kuondoka bila kuogelea. Kesho yake kupwa huchelewa kwa dakika 50 hivi. Usiwaite watu kwa saa ya jana.

Chora duara la kichwa lenye kipenyo cha mita 2. Chini yake pembetatu ya kimo cha mita 4, ncha yake iingie ndani ya duara kama nusu mita. Chini ya pembetatu mraba wa mita 4, na chini ya mraba duara dogo la mita moja na nusu. Urefu wote unakaribia mita 11. Kile kipembe kidogo ambapo ncha ya pembetatu imeingia kichwani ndicho shabaha. Tumia kamba na vijiti viwili kwa maduara. Ya kukisia kwa jicho hutoka mfano wa embe.

Timu mbili za watu 4 hadi 6. Walinzi wako ndani ya mistari, kwa miguu miwili. Washambuliaji wako nje na wanaruka kwa mguu mmoja, mpaka mmoja wao afanikiwe kukatiza kiuno cha ngisi, pale pembetatu inapokutana na mraba. Akivuka, amepata haki ya kutumia miguu miwili. Kisha wanaingia kwa chini na kupigania kukanyaga kile kipembe cha kichwani. Aliyesukumwa akakanyaga mstari au kutolewa nje ya mahali pake ametoka. Kanuni ya nyumbani ni moja zaidi: kusukuma ni kwa mabega na viganja vya mikono, si kuvuta nguo, kwani kanzu na mabuibui hayarudi dukani yakichanika.

Taa nyekundu, taa ya kijani, ule wa kusogea mwitaji akiita na kuganda akigeuka, inafaa uwanja ule ule, kwa umbali wa mita 20. Kwa Kikorea yule mwanasesere mkubwa wa tamthilia, Young-hee, hasemi habari za taa. Anasema *mugunghwa kkochi pieot seumnida*, ua la mugunghwa limechanua; ni ua la taifa la Korea Kusini, mmea wa ukoo mmoja na bamia. Maneno hayo yana silabi 10, na ndiyo siri ya mchezo, kwani watoto wa Korea huyatumia badala ya kuhesabu moja hadi kumi. Ukitaka ya Kiswahili tafuta yenye silabi 10 pia: *asumini zetu zachanua*. Mwitaji anabadilisha kasi, silabi 7 polepole na 3 za mwisho kwa mshindo, na hapo ndipo watu wanaponaswa mguu hewani. Usitumie karafuu. Mpemba yeyote atakusimamisha kukuambia karafuu iliyochanua ni hasara, na mchezo utageuka mjadala wa bei.

Ddakji kwenye baraza

Huu ndio mchezo wa yule mtu wa suti wa kwenye tamthilia, anayewanasa wachezaji kwenye kituo cha treni, kibati cha karatasi kupigwa juu ya chengine mpaka kipinduke. Sakafu ya saruji ya baraza inafaa kuliko kitu chochote. Mchangani hakuna kitu.

Kila ddakji inataka karatasi mbili. Kata A4 mbili ziwe mraba wa sentimita 21. Kunja kila moja sehemu tatu sawa kwa urefu ipatikane ukanda wa 7 kwa 21. Laza mmoja juu ya mwengine kama msalaba. Katikati patakuwa mraba wa 7 kwa 7, na ncha nne zinazotokeza. Kila ncha ikunje mshazari iwe pembetatu, zote zikielekea upande mmoja kama mapanga ya feni. Sasa zilaze ndani moja baada ya nyengine kwa mzunguko, na ya nne ichomeke chini ya ya kwanza. Ikiwa ya nne haina pa kuingia, ncha moja imekunjwa kinyume; fungua uanze. Kabla ya kufunga, chomeka ndani kipande cha boksi cha 7 kwa 7, kwa ajili ya uzito. Karatasi ya daftari pekee ni nyepesi, inapeperuka. Karatasi za kalenda ya ukutani iliyokwisha mwaka wake ndizo hasa.

Wanaopiga katikati kwa nguvu zao zote huumia bega bila kupindua kitu. Ddakji ya mwenzio iangalie kwanza: ina pembe iliyonyanyuka hata milimita moja. Piga yako pembeni ya hapo, ikiwa bapa kabisa inapotua, upepo wake uingie chini ya ile pembe. Mwenye kulaza ddakji kwa ulinzi aikanyage kwanza ili isiwe na pembe. Kuhusu adhabu, makofi ya kwenye tamthilia yabaki kwenye tamthilia, na fedha isiingie, maana ikishaingia imekuwa kamari. Aliyeshindwa aende akalete kahawa.

Gonggi, vijiwe vitano vya msimu wa pili, haihitaji maelezo mengi kwa aliyekua akicheza mdako. Hakuna shimo, basi. Unarusha kimoja juu na kuokota chini moja moja, halafu mbili mbili, halafu tatu na moja, halafu vyote vinne, na mwisho unarusha vyote vitano, unavipokea kwa mgongo wa kiganja, unavirusha tena na kuvidaka. Kugusa kijiwe usichokiokota ni kupoteza zamu. Badala ya vijiwe vya plastiki vya Kikorea tumia komwe tano kutoka kwenye bao la mtu, zina ukubwa ufaao na haziumizi kucha. Zirudishe.

Pia za kuzungusha tunazo zetu. Jegi, ule wa kupiga teke mara 5 bila kuanguka, tengeneza kwa washa ya chuma ya kipenyo cha sentimita 3 iliyofungwa katikati ya kitambaa chepesi, mkia ukachanwa nyuzi za sentimita 12. Piga kwa upande wa ndani wa unyayo, goti likifunguka nje. Wanaopiga kwa vidole huukimbiza mpaka uwani kwa jirani.

Skrini na umeme

Tamthilia hii ni ya wenye miaka 18 na kuendelea, na hilo si la kupita kando: damu ni nyingi na watu wanauawa kwa mamia. Watoto wacheze jioni, wale dalgona, wakalale kabla skrini haijawashwa. Na pawe nyumbani kwa jamaa na marafiki, pasipo kiingilio. Akaunti ya Netflix ni ya matumizi ya nyumbani, na maonyesho ya hadhara Zanzibar yana taratibu zake za vibali.

Pakua kabla. Kwa ubora wa kati Netflix hutumia kama GB 0.7 kwa saa, kwa picha kali hufika GB 3. Msimu wa vipindi 6 ukiuangalia moja kwa moja kwa picha kali bando la mwezi linaweza kwisha kabla msimu haujamalizika. Upakuaji unafanyika kwenye simu na tableti. Programu ya Netflix ya Windows haipakui tena. Na ule mpango wa bei ndogo wa simu hauingii kwenye televisheni, jambo ambalo watu hugundua saa 2 na nusu usiku wageni wakiwa wameshavua viatu. Ukiunga simu kwa kifaa cha HDMI, jaribu siku moja kabla kwa kipindi halisi: simu nyingi hazitoi picha kwa tundu la chaji, na vifaa vya bei rahisi vikikosa ulinzi wa hakimiliki vinatoa sauti huku picha ikiwa nyeusi.

Projekta isinunuliwe kwa nambari ya kwenye boksi. Lumen elfu 9 za maboksi hayo hazina maana. Tafuta palipoandikwa ANSI, kipimo sanifu cha mwanga. Kwa shuka la upana wa mita 2 kwenye giza, ANSI 500 ni kiwango cha chini, na projekta iwe umbali wa mita 2 na nusu hadi 3. Shuka jeupe zito lisilopenyeza, livutwe kamba kona zote nne na liwe na ufito kwenye upindo wa chini. Bila ufito, kusi ikivuma kidogo tu nyuso zote zinatikisika. Ukingo wa chini uwe mita moja kutoka chini au zaidi. Watu hulisahau hili kuliko jengine lolote, na kwa tamthilia ya Kikorea ndilo kubwa, maana maandishi yote yako chini ya picha na vichwa vya mbele ndivyo vinavyoyafunika. Maandishi yenyewe yaongeze ukubwa kwenye mipangilio ya akaunti. Spika ya bluetooth inachelewesha sauti, tumia waya.

Angalia salio la Tukuza, umeme wa kulipia kabla, mchana. Umeme ukikatika, projekta ya taa ya balbu isiwashwe papo hapo umeme unaporudi. Iache ipoe dakika 5, la sivyo balbu hufa. Wakati huo wa giza toa vile vipande vya dalgona vilivyovunjika, vipitishwe kwenye sahani pamoja na kahawa chungu mahali pa kashata. Visiachwe mpaka asubuhi, kwani sahani utaikwangua kwa kisu.